Kwa nini Rwanda haina reli, na kwa nini reli za jirani hutugharimu

KIGALI – Kontena la vipuri vya magari linaposhushwa melini katika bandari ya Dar es Salaam, bado lina safari ya kilomita zipatazo 1,500 kabla ya kufika Kigali. Likishushiwa Mombasa, safari huzidi kilomita 1,600. Karibu mwendo huo wote hufanyika juu ya matairi: Morogoro, Dodoma, Singida, Nzega, Kahama, kisha daraja la Rusumo. Katikati yake kuna mizani, vituo vya ukaguzi, milima, na usiku ambao dereva na utingo wake hulala ndani ya lori. Dizeli, matairi na siku zinazopotea njiani hulipwa hatimaye na mnunuzi, awe ni wa bati huko Gisozi, wa mafuta ya kula sokoni Kimironko au wa vipuri Nyamirambo.

Rwanda haina hata kilomita moja ya reli ya treni. Haikuwa nayo chini ya Wajerumani, wala chini ya Wabelgiji, wala tangu uhuru wa mwaka 1962. Hata hivyo, ni nchi chache ambazo maisha yao yameguswa na reli za wengine kiasi hiki. Kwa zaidi ya miaka mia moja maamuzi yaliyofanywa Berlin, London, Dar es Salaam na Nairobi kuhusu nani ajenge reli, nani aimiliki na nani aiendeshe, yamekuwa yakiamua bei ya bidhaa madukani Kigali. Sasa mpango wa kuileta reli hadi hapa uko mezani, na inafaa kuelewa hasa ni kitu gani kinachojadiliwa.

Reli iliyosimamishwa na vita

Reli ya kwanza katika koloni la Wajerumani ilianza kujengwa Tanga mwaka 1893. Iliachwa mikononi mwa kampuni binafsi, kwa matumaini kwamba mashamba ya Usambara yangeleta mzigo wa kutosha. Mzigo haukuja kwa kasi ya gharama. Kampuni ilikauka fedha njiani, na mwaka 1899 serikali ya Ujerumani ikalazimika kuichukua reli hiyo na kuiendeleza yenyewe. Kisa hicho kinafaa kukumbukwa, maana kilikuja kujirudia zaidi ya karne moja baadaye kwa majina mengine.

Waingereza, upande wa pili wa mpaka, hawakusubiri kampuni. Reli ya Uganda ilijengwa kwa fedha za serikali kuanzia Mombasa mwaka 1896, ikafika Kisumu, kando ya Ziwa Viktoria, mwaka 1901. Vibarua zaidi ya 30,000 waliletwa kutoka India, na wapatao 2,500 kati yao walifia kazini kwa maradhi, ajali na, huko Tsavo, kwa simba.

Reli hiyo ya Waingereza ndiyo iliyokuwa ya kwanza kuigusa Rwanda. Richard Kandt alipoanzisha makao yake Kigali mwaka 1907, mzigo uliingia na kutoka kwa vichwa na mabega ya wapagazi. Ngozi za ng'ombe za Rwanda zilibebwa hadi Bukoba, zikavushwa ziwa hadi Kisumu, kisha zikateremka Mombasa kwa treni. Wazee wengi waliozianza familia za Waswahili wa Kigali walifika katika miaka hiyo, wakitokea Ujiji, Tabora na Bukoba wakiwa wachuuzi, askari, wapishi na makarani. Njia waliyopita ndiyo njia iliyopitwa na bidhaa.

Kwa serikali ya Berlin hali hiyo ilikuwa aibu ya kibiashara: nchi iliyo chini ya bendera ya Ujerumani ilikuwa ikiilisha mzigo reli ya Uingereza. Reli ya Kati, iliyoanza Dar es Salaam mwaka 1905, ilifika Morogoro mwaka 1907, Tabora mwaka 1912 na Kigoma mwanzoni mwa mwaka 1914. Safari hii utaratibu ulikuwa wa mseto: kampuni yenye mkono wa Deutsche Bank, huku serikali ikiwadhamini wawekezaji. Mara tu baada ya Kigoma kufikiwa, fedha ziliidhinishwa kwa ajili ya tawi jipya lililoitwa Reli ya Rwanda, ambalo lingetoka Tabora hadi kwenye kona ya mto Kagera, jirani na Rusumo ya leo. Kazi ya kuchimba matuta ilianza upande wa Tabora. Agosti 1914 vita vya dunia vikazuka, na reli hiyo haikuendelea.

Vita vilipokwisha, reli iliigharimu Rwanda kitu kikubwa zaidi ya pesa. Katika makubaliano ya mwaka 1919 yaliyojadiliwa na Alfred Milner wa Uingereza na Pierre Orts wa Ubelgiji, eneo la mashariki ya Rwanda, Gisaka likiwemo, lilikatwa na kupewa Uingereza. Sababu iliyotolewa ilikuwa njia ya reli: Waingereza walitaka ukanda wa ardhi ulio magharibi ya Kagera ili waiunganishe Tanganyika na Uganda, sehemu ya ndoto yao ya treni itakayotoka Cape hadi Cairo. Mfalme Yuhi V Musinga alipinga kupoteza watu na malisho, wamisionari Wakatoliki wakamuunga mkono, na shauri likafika katika Jumuiya ya Mataifa ya wakati huo. Mwaka 1923 iliidhinishwa eneo hilo lirudishwe. Reli yenyewe haikujengwa kamwe. Kwa miaka kadhaa watu wa Gisaka walitawaliwa na nchi nyingine kwa ajili ya treni iliyokuwa kwenye ramani tu.

Wabelgiji, kwa upande wao, walijipatia mlango wa bahari bila kujenga reli mpya. Kwa mkataba wa mwaka 1921 walipewa maeneo ya bandari Kigoma na Dar es Salaam kwa kodi ya faranga moja kwa mwaka, mpango uliojulikana kwa jina la Belbase. Mzigo wa Kongo, Rwanda na Burundi ulipanda mabehewa ya Waingereza kutoka Kigoma. Ndivyo Rwanda ilivyokuwa mteja wa reli isiyo yake, hali ambayo haijabadilika sana tangu siku hizo.

Neno moja, maana nne

Katika chumba cha habari, sisi tunaotafsiri habari za reli tunasumbuliwa mno na neno "kubinafsisha". Huandikwa kana kwamba ni kitendo kimoja: jana reli ilikuwa ya serikali, leo ni ya tajiri. Kumbe reli ni vitu vinne vilivyofungwa pamoja. Ipo njia yenyewe, yaani tuta, mataruma, vyuma, madaraja na taa za ishara. Zipo injini na mabehewa. Upo uendeshaji wa kila siku, yaani kupanga ratiba, kuajiri madereva na kutafuta mzigo. Na ipo mamlaka inayosimamia usalama na nauli. Kila kimoja kati ya hivyo kinaweza kuwa na mwenyewe tofauti, na ugomvi mwingi kuhusu reli huanzia pale ambapo mipaka baina yake haikuandikwa vizuri.

Mkaazi wa Kigali anaweza kulielewa jambo hili bila kupanda treni. Onatracom lilikuwa shirika la umma lililomiliki mabasi na kuyaendesha lenyewe. Mwaka 2016 nafasi yake ilichukuliwa na RITCO, kampuni ambayo serikali ina hisa pamoja na wamiliki binafsi wa mabasi. Bandari kavu ya Masaka, iliyofunguliwa mwaka 2019, ni mfano wa namna nyingine: kampuni ya DP World ya Dubai ilipewa haki ya kuijenga na kuiendesha kwa miaka 25. Huo ndio mkataba ambao Waingereza huuita kwa neno moja na sisi hulazimika kuueleza kwa sentensi nzima: serikali hubaki na mali, mwekezaji hukabidhiwa biashara kwa muda uliowekwa, na muda ukiisha au masharti yakivunjwa, kila kitu hurudi.

Dunia imejaribu karibu kila mchanganyiko. Nchini Marekani reli za mizigo ni za kampuni binafsi, njia na treni kwa pamoja, ilhali treni za abiria za masafa marefu huendeshwa tangu mwaka 1971 na shirika la umma linaloitwa Amtrak, ambalo kwa sehemu kubwa hupita juu ya njia za kampuni hizo. Japani ililigawa shirika lake la reli mwaka 1987 katika kampuni za mikoa. Uingereza iliyataifisha mashirika ya reli mwaka 1948, ikayauza katika miaka ya 1990, na kampuni binafsi iliyopewa njia za reli ilipofilisika mwaka 2001, njia hizo zikarudi chini ya mkono wa umma.

Sababu ya kuyumba huku ni ya kihesabu. Lori likikosa mzigo, mwenyewe huliegesha na gharama yake karibu yote husimama. Njia ya reli haiegeshwi. Daraja litapata kutu, tuta litasombwa na mvua, mlinda ishara atadai mshahara, ipite treni moja kwa siku au zipite 20. Faida ya reli huja mzigo ukiwa mwingi na wa kudumu: behewa moja likibeba kontena moja la futi 40, treni ya mabehewa 30 huondoa barabarani malori 30, tena kwa mafuta machache, kwa kuwa gurudumu la chuma juu ya chuma husuguana kidogo sana. Mzigo ukipungua, faida hiyo hugeuka deni, na mwekezaji binafsi ndiye wa kwanza kuuona mlango wa kutokea.

Kutoka shirika moja hadi matatu, kisha kwa wapangaji

Mwaka 1948 reli za Kenya, Uganda na Tanganyika ziliunganishwa pamoja na bandari chini ya shirika moja. Behewa lingeweza kutoka Kampala hadi Moshi bila kubadilisha mwenyewe. Jumuiya ya Afrika Mashariki ilipovunjika mwaka 1977, injini, karakana na madeni viligawanywa, na kila nchi ikabaki na shirika lake. Karakana kubwa ilikuwa Nairobi. Tanzania na Uganda zikaanza kujenga uwezo wa kutengeneza ambao awali hazikuuhitaji, na hapo kudorora kulianza kuonekana.

Kufikia miaka ya 2000, serikali zilichoka kutoa ruzuku na wafadhili wakashauri wapangaji waletwe. Kenya na Uganda zilikabidhi reli zao mwaka 2006 kwa kampuni ya Rift Valley Railways kwa miaka 25. Wawekezaji walibadilika, kutoka Afrika Kusini hadi Misri, lakini mtaji ulioahidiwa na mzigo uliolengwa havikutimia, na mkataba ukavunjwa mwaka 2017, miaka 14 kabla ya wakati wake. Tanzania ilifuata mwaka 2007: kampuni ya RITES ya India ilichukua asilimia 51 ya kampuni mpya ya uendeshaji, serikali ikabaki na asilimia 49, na njia zenyewe zikawekwa chini ya chombo kingine cha umma. Wafanyakazi waligoma kwa ajili ya mishahara, mabehewa na injini zilizokodishwa kutoka India zikawa chanzo cha malalamiko, na mvua za mwishoni mwa 2009 na mwanzo wa 2010 zikaisomba njia upande wa Kilosa. Hapo swali la mipaka likajitokeza waziwazi: mwenye treni hana njia ya kupita, na mwenye njia hana pesa za treni. Muda si mrefu serikali ikairudisha reli mikononi mwake, na mwaka 2017 njia na uendeshaji vikaunganishwa tena katika Shirika la Reli Tanzania, TRC.

Si haki kuwatwisha wapangaji lawama yote. Walipokea vyuma vilivyokuwa vimechoka, na waliahidiwa mzigo ambao kwa wakati ule ulikuwa umekwisha kuhamia barabarani. Mfanyabiashara aliyezoea lori linalofika mlangoni kwake hawezi kurudi kwenye treni kwa kuombwa tu.

Isaka, kituo chetu ugenini

Kwa Rwanda, majina ya kampuni hizo si mageni kwa wafanyabiashara wanaoijua Isaka. Ni kituo kilichopo kwenye tawi la Tabora hadi Mwanza, jirani na Kahama, na kimefanywa bandari kavu kwa ajili ya Rwanda na Burundi. Kontena hutoka Dar es Salaam kwa treni karibu kilomita 1,000, huinuliwa kwa kreni Isaka, huwekwa juu ya lori, na lori huendelea hadi Rusumo na Kigali. Kwenye karatasi mpango huo hauna dosari. Kwa vitendo, kila kontena linaloinuliwa mara moja zaidi lina ada zaidi, na treni ikichelewa siku nne, lori lililokwenda kulisubiri hulipwa kwa kusubiri. Ndiyo maana waagizaji wengi wa Kigali, wakati wa mafuriko ya Kilosa na hata baadaye, waliona afadhali lori litoke bandarini moja kwa moja. Mwaka 2014 Benki ya Dunia iliidhinisha dola za Marekani milioni 300 za kukarabati njia hiyo ya zamani, kutoka Dar es Salaam hadi Isaka.

Njia hiyo ya zamani ina upana wa milimita 1,000 kati ya chuma na chuma. Reli mpya zinazojengwa katika eneo letu, zile ambazo magazeti huziita SGR, zina upana wa milimita 1,435, ambao ndio wa kawaida katika nchi nyingi za Ulaya na China. Upana zaidi huruhusu mzigo mzito na mwendo wa kasi, lakini behewa la njia moja haliwezi kuingia njia nyingine. Panapokutana reli mbili za upana tofauti, kreni hurudi kazini na ada hurudi pia.

Mkopo unaodai mzigo

Mwaka 2013 Kenya, Uganda na Rwanda zilikubaliana kujenga reli ya kisasa kutoka Mombasa hadi Kigali kupitia Kampala. Kenya ilianza. Treni ya Mombasa hadi Nairobi ilizinduliwa Mei 2017, kwa mkopo mkubwa wa Benki ya Exim ya China, na miaka miwili baadaye njia ikafika Naivasha. Hapo iliishia kwa muda mrefu, mbali na mpaka wa Uganda.

Yaliyotokea Mombasa yanafaa kusomwa kwa makini na yeyote mwenye lori Kigali. Reli ilihitaji mzigo ili ilipe deni, na mwaka 2019 serikali ya Kenya ikaagiza makontena yaliyoingizwa yasafirishwe kwa treni hadi Nairobi. Wenye malori, madereva na wauza chakula wa barabara ya Mombasa waliandamana. Agizo lilibishaniwa kwa miaka mitatu, hadi Rais William Ruto alipoliondoa alipoingia madarakani mwaka 2022. Reli ile ni mali ya umma, wala hakuna aliyeiuza. Lakini mkopo ulifanya kazi ya mwenye mali: ulidai mzigo, na mzigo ukachukuliwa kwa amri kutoka kwa watu binafsi.

Rwanda ilikuwa imekwisha kugeuka. Mwaka 2016 ilionyesha kwamba njia ya Tanzania ni fupi na nafuu zaidi, na mwaka 2018 Rais Paul Kagame na Rais John Magufuli walikubaliana kuhusu reli ya Isaka hadi Kigali. Urefu wake ungezidi kilomita 500, sehemu kubwa ikiwa ndani ya Tanzania, na gharama iliyotajwa wakati huo ilikuwa dola bilioni 2.5 hivi.

Tanzania imejenga kwa awamu, kwa treni za umeme zenye uwezo wa mwendo wa kilomita 160 kwa saa. Abiria walianza kusafiri Dar es Salaam hadi Morogoro Juni 2024, na hadi Dodoma mwezi uliofuata. Vipande vinavyofuata, vya kuelekea Tabora, Isaka na Mwanza, vilikwisha kupewa wakandarasi kutoka Uturuki na China. Burundi nayo imeingia katika foleni kwa kipande cha kutoka Uvinza hadi Musongati na Gitega. Uganda, iliyochoka kusubiri fedha za China, ilisaini mkataba na kampuni ya Uturuki ya Yapi Merkezi mwaka 2024 kwa njia ya Malaba hadi Kampala.

Kipande cha Isaka hadi Kigali bado hakijaanza kujengwa. Ugumu wake mkubwa, kwa maoni ya mwandishi huyu, hauko kwenye milima ya mashariki ya Rwanda bali kwenye safari ya kurudi. Rwanda huagiza vitu vizito: saruji, chuma, mafuta, ngano. Inachouza nje kwa sehemu kubwa ni chepesi na cha thamani: kahawa, chai, madini ya bati na koltani. Treni itapanda ikiwa imejaa na kuteremka ikiwa nusu tupu, na nauli ya kupanda italazimika kulipia mabehewa matupu ya kurudi, isipokuwa mzigo wa mashariki ya Kongo uvutwe upite Kigali. Hilo ni suala la amani ya mpakani kabla ya kuwa suala la vyuma.

Siku mkataba utakapotangazwa, picha za treni zitakuwa nyingi. Kurasa za kutafuta ni zile zinazosema njia itakuwa ya nani upande huu wa Rusumo, iwapo kampuni binafsi zitaruhusiwa kuendesha treni zao juu yake, na nani atalipa mwaka ambao mzigo utapungua chini ya makadirio. Ni muhimu pia kujua mkopo ni wa sarafu gani, kwa kuwa muuza vipuri wa Nyamirambo hukusanya faranga na wakopeshaji hudai dola. Kwa sasa, malori bado yanapanga foleni Rusumo, jirani na kona ya Kagera ambako vyuma vya mwaka 1914 vilitarajiwa kufika.